Zinat Sedki: mcheza kwao, kutuzwa na kutunzwa

Muhula wa kwanza wa mwaka huu niliitwa kuwa mmoja wa waamuzi katika tamasha la michezo ya kuigiza ya shule za sekondari, upande wetu huu wa Nyeri. Kazi yenyewe walimu wanaifahamu: mwamuzi huketi mbele tangu asubuhi, karatasi mapajani na kalamu mkononi, akigawa alama za maudhui, uigizaji, maleba, lugha na matumizi ya jukwaa. Katika mchezo wa nne au wa tano siku hiyo aliingia msichana wa kidato cha pili aliyeigiza yaya katika nyumba ya tajiri. Alikuwa na mambo mawili tu ya kufanya, kuleta chai na kutangaza kuwa mgeni amefika. Lakini jinsi alivyoileta chai ile, jinsi alivyoitazama sukari kama mtu anayeihesabu chembe kwa chembe, na jinsi alivyomjibu bibi wa nyumba kwa heshima iliyojaa miiba, ukumbi mzima uliokuwa umeanza kusinzia ulizinduka. Alipotoka, mchezo ulirudi kulala. Jioni tulimpa cheti cha mwigizaji bora mhusika mkuu wa mchezo huo huo, msichana mrefu mwenye sauti nzuri. Katika karatasi yangu hapakuwa na mahali pa kuandika jina la yaya, nami sikulitafuta.

Nikirejea mjini kwa matatu, mlima umejifunika mawingu kama ilivyo desturi yake saa hizo, nilimkumbuka mwanamke mmoja wa Misri aliyefariki mwaka 1978, nikaona haya.

Jina lake la usanii ni Zinat Sedki. Yaelekea wengi wa wasomaji wa safu hii hawajapata kulisikia, ingawa katika nchi za Kiarabu ni vigumu kumpata mtu wa makamo ambaye hatatabasamu akitajiwa. Mimi nilimfahamu kwa sababu za kikazi. Mwaka 2009 nilikaa Cairo miezi kadhaa nikifuatilia maneno ya Kiarabu yaliyoingia katika Kiswahili. Nilikuwa nimekisoma Kiarabu cha vitabuni, kile cha magazeti, hotuba na taarifa za habari, nikadhani nimejihami vya kutosha. Siku ya kwanza nilikwenda dukani nikaomba mkate kwa neno nililofunzwa, khubz, na muuzaji akanitazama kwa huruma kama mtu aliyetoka kaburini. Wamisri mkate huuita eish, yaani uhai, neno la mzizi ule ule uliotupa sisi kitenzi kuishi na nomino maisha. Nilikuwa nimevuka jangwa kutafuta maneno yaliyotufikia kutoka kwao, na neno la kwanza la kunipatia chakula sikuwa nalo.

Mama mwenye nyumba niliyopanga ndiye aliyeniokoa. Alinishauri niviweke vitabu kando, na kila Ijumaa baada ya chakula cha mchana akanikalisha mbele ya televisheni kutazama filamu za zamani, zile zisizo na rangi. Mara kwa mara katika filamu hizo alitokea mwanamke yule yule: macho makubwa, maleba ya ajabu ajabu, na ulimi uliokwenda kwa kasi ya cherehani. Hakuwa mpenzi wa shujaa wala mama yake shujaa. Alikuwa mtumishi, au jirani, au binti aliyepitwa na umri wa kuolewa. Akiingia, mama mwenye nyumba aliacha kumenya chungwa.

Alizaliwa Iskandaria mwanzoni mwa miaka ya 1910, aghalabu hutajwa mwaka 1913, na jina alilopewa na wazazi lilikuwa Zainab Muhammad Saad. Inasimuliwa kuwa aliozwa mapema na ndoa ikavunjika kabla ya mwaka kutimia. Kwamba alipoonyesha hamu ya jukwaa, nyumbani kulikuwa moto. Na kwamba alitoroka pamoja na rafiki yake aliyeitwa Khayriya Sedki, wakaenda Lebanoni kuimba na kucheza. Katika Misri ya wakati huo, kama katika miji yetu ya wakati huo na hata baadaye, binti aliyepanda jukwaani alihesabiwa kuwa ameanguka. Wasichana wengi wa rika lake waliokuwa na kipaji kama chake walirudi nyumbani wakaolewa, na majina yao hatuyajui.

Alipohamia Cairo alibahatika kuonwa na Naguib el-Rihani, gwiji wa tamthilia za kuchekesha, ambaye kikundi chake kilikuwa chuo cha waigizaji wa aina hiyo kabla ya kuwapo kwa vyuo rasmi. El-Rihani alimpa nafasi ya mtumishi wa nyumbani. Akambadilishia na jina pia, kwani tayari alikuwapo mwigizaji mashuhuri wa jukwaani aliyeitwa Zeinab Sedki. Basi tazama jina hilo lilivyoundwa: sehemu ya kwanza ametoka nayo kwa mwajiri, ya pili kwa rafiki wa safarini. Wanaisimu hupenda kusema kuwa jina halina maana ila lile linalotajwa nalo, lakini mimi nimeshindwa kulisoma jina hili la kukopa kila upande bila kuhisi kuwa linaeleza jambo kuhusu mwenyewe.

Nafasi ya mtumishi ilimng'ang'ania. Studio Misr, iliyojengwa kwa fedha za benki ya Talaat Harb, ilifunguliwa mwaka 1935, na kutoka hapo Cairo ikawa kiwanda cha sinema cha ulimwengu wote wa Kiarabu. Filamu hizo zilifika hata kwetu pwani. Kumbi za Zanzibar zilizionyesha, na wazee wa taarabu waliingia mle kusikiliza nyimbo zaidi ya kutazama hadithi. Kiwanda kikubwa kinahitaji watu wa kujaza nyumba: wa kufungua mlango, wa kuchungulia dirishani, wa kubeba barua, wa kumgombeza shujaa anapochelewa kurudi. Zinat alifanya kazi hiyo kwa takriban miaka 40, katika filamu zaidi ya 100. Hakuna hata moja aliyokuwa mhusika mkuu.

Hapa nawageukia wanafunzi wa fasihi. Katika madarasa yetu tumewafundisha kuwa kuna mhusika duara, anayebadilika na kukua, na mhusika bapa, anayebaki vile vile tangu mwanzo hadi mwisho. Istilahi hizo zina faida zake. Lakini zimetuletea tabia mbaya, nami ni mmoja wa walioieneza, ya kumwona mhusika bapa kuwa ni mhusika aliyeandikwa kivivu, na mwenye kumwigiza kuwa ni mtu aliyekosa nafasi bora. Wahusika wa Zinat wote walikuwa bapa. Ni mtumishi yule yule na mwanamwali yule yule wa miaka mingi, akibadilishiwa nyumba na gauni. Ubapa huo aliufanya kuwa chombo: mtazamaji alijua atakachofanya kabla hajakifanya, naye alimchelewesha kidogo tu, nusu ya pumzi, kisha akakifanya kwa njia ambayo mtazamaji hakuitarajia. Kicheko chote kilikuwa katika nusu ya pumzi hiyo.

Chukua filamu yake ijulikanayo zaidi, Ibn Hamido, iliyoongozwa na Fatin Abdel Wahab na kutolewa mwaka 1957. Mambo yanatokea Suez, katika mtaa wa wavuvi. Yuko mvuvi mzee, Hanafi, ambaye kila akitoa amri huapa kuwa neno lake halirudi nyuma, kisha mkewe akimkazia macho, neno linarudi nyuma. Ana binti wawili. Mdogo, Aziza, aliigizwa na Hind Rostom, mrembo wa sinema ya Misri wa miaka hiyo. Mkubwa, Hamida, ambaye wachumba hawamwoni, ni Zinat. Vijana wawili wageni, Ismail Yassin na Ahmed Ramzy, wanaingia nyumbani humo kwa kujifanya wavuvi, na kumbe ni watu wa polisi wanaofuatilia magendo ya dawa za kulevya. Waweza kukisia nani anampata nani.

Ukifanya hesabu, utaona kichekesho kingine kisichokuwa katika mswada. Abdel Fattah el-Qosari, aliyeigiza baba, alimzidi binti yake huyo mkubwa kwa miaka isiyotimia kumi. Hind Rostom, mdogo wake wa filamuni, alikuwa amezaliwa mwaka 1931. Zinat alikuwa amepita miaka 40 na anaigiza msichana anayesubiri posa. Ilikuwa rahisi sana nafasi hiyo iwe dhihaka kwa mwanamke mzima. Yeye aliigeuza. Hamida wake hajionei huruma. Anaidai ndoa kama mtu anayedai deni lililochelewa kulipwa, kwa sauti ya juu, mbele ya mashahidi, na anayecheka mwishowe anawacheka wadaiwa.

Filamu hii inanigusa kwa sababu nyingine ya kwetu kabisa. Sauti ya Cairo ilianza kutangaza kwa Kiswahili mwaka 1954, wakati milima hii ya Nyandarua na Kirinyaga ilipokuwa uwanja wa vita na watu wa Nyeri wakihamishiwa kwa nguvu katika vijiji vya dharura. Ilikuwa redio iliyozungumza na Waafrika wa mashariki kwa lugha yao ikiunga mkono harakati za Mau Mau, jambo lililowaudhi sana watawala. Mnamo tarehe 21 Oktoba 1956 Dedan Kimathi alikamatwa hapa Nyeri. Siku nane baadaye vita vya Suez vilianza, na Uingereza ile ile iliyokuwa ikitutawala ikaingia vitani dhidi ya Misri kwa ajili ya mfereji. Kimathi alinyongwa Kamiti Februari 1957. Mwaka huo huo, Wamisri walikuwa wakiketi gizani katika kumbi zao kutazama kichekesho kilichowekwa Suez, mji uliokuwa vinywani mwa dunia nzima miezi michache tu kabla, wakimcheka mvuvi asiyeweza kushika neno lake na binti yake asiyenyamaza. Ninapoitazama, najiuliza wazazi wetu waliokuwa nyuma ya mahandaki ya vijiji wangecheka wapi. Nadhani wangecheka kwa Hamida. Mwanamke mwenye ulimi wa namna hiyo wangemtambua mara moja.

Maana ukitaka kumsikia Zinat leo bila kusafiri, nenda soko la Karatina siku ya soko. Sikiliza mama wa viazi anavyomjibu mnunuzi aliyetaja bei ya kuaibisha. Hatukani, hasha, anamsifu mnunuzi, anazisifu nguo zake, anamwulizia watoto, na kabla hajamaliza, watu watatu wamekwisha geuka kutazama na mnunuzi anatafuta pa kupitia. Watu wa pwani wana majina ya sanaa hii: kusuta, vijembe, mipasho. Wamisri huiita radh, na mwenyeji wake ni mwanamke wa mtaa wa kawaida. Zinat aliileta hiyo kutoka vichochoroni akaipandisha kwenye pazia la sinema ikiwa na mizani yake, vina vyake na mifano yake ya jikoni na sokoni. Mara nyingine aliingiza Kiarabu fasihi katikati, kwa matamshi ya mhubiri, kisha akaporomoka ghafla hadi lugha ya jikoni. Mporomoko huo ndio ulionifundisha, kuliko mhadhara wowote, jinsi jamii inavyoishi na lugha mbili ndani ya lugha moja: moja ya kuheshimiwa na nyingine ya kupendwa.

Jambo hili lina uzito kuliko inavyodhaniwa. Lahaja ya Cairo, yenye kusema gamal pale ambapo wengine husema jamal, yenye kuimeza sauti ya qaf, haikuwa na hadhi yoyote shuleni. Hakuna wizara iliyoisanifisha. Hata hivyo, Mmoroko na Mwiraki wasioelewana kwa lahaja zao wenyewe huielewa ya Cairo, na walioisambaza ni waimbaji na waigizaji wa filamu. Katika filamu hizo, shujaa mara nyingi husema lugha iliyonyooka kidogo, ya mapenzi na ya heshima. Anayesema lugha ya mtaa kamili ni mtumishi. Kwa hiyo, msomaji, waliolifundisha bara zima kusikilizana walikuwa ni wale waliofungua mlango na kuleta chai. Sisi tuna mfano wetu: Kiswahili cha Vitimbi na Vioja Mahakamani, kilichokosolewa na walimu, nikiwamo mimi, kwa kuvunja ngeli, ndicho kilichowafanya watoto wa vijiji vya Mlima Kenya, ambao nyumbani hawakusikia Kiswahili, wakione kuwa lugha ya kuchekea na si ya mtihani peke yake.

Alionekana pia katika Al-Anisa Hanafi ya mwaka 1954, na katika Sharia al-Hubb ya mwaka 1958, ambapo vijana walijazana kumsikiliza Abdel Halim Hafez na Sabah, wakatoka wakiiga maneno ya Zinat. Aliigiza pia jukwaani na kikundi cha Ismail Yassin. Hiyo ndiyo ilikuwa miaka yake minono.

Kisha nyumba ikaanza kubomoka nguzo kwa nguzo. El-Rihani alikuwa amekwisha fariki mwaka 1949. Televisheni ilianza Misri mwaka 1960. Serikali ikaichukua sekta ya sinema mikononi mwake, na wakuu wake wakapendelea filamu nzito za mafunzo, ambazo nyingine ni nzuri kweli, lakini hazikuwa na dirisha la jirani mmbeya. El-Qosari alipofuka na kufariki mwaka 1964 katika ufukara. Kikundi cha Yassin kilivunjika mwaka 1966, na Yassin mwenyewe, ambaye filamu nzima ziliitwa kwa jina lake, alikufa mwaka 1972 akiwa amefilisika. Ikiwa shujaa alifika hapo, mtumishi je? Zinat hakuwa na mkataba wa kudumu wala malipo ya uzeeni. Mwigizaji wa nafasi yake alilipwa kwa filamu, na filamu zilipokwisha, malipo yalikwisha. Inasimuliwa kuwa aliuza samani za nyumba yake kipande kwa kipande. Huku nyuma filamu zake zilikuwa zikirudiwa katika televisheni, na watu wakizicheka jioni ile ile aliyokuwa akimtafuta mnunuzi wa kabati. Filamu yake ya mwisho, Bint ismaha Mahmoud, ni ya mwaka 1975.

Kila mwaka wanafunzi hunibishia kuhusu methali moja: je, mcheza kwao hutuzwa, au hutunzwa? Zote mbili zimo vinywani mwa watu na zote zimo vitabuni. Nilizoea kuwajibu kwa wepesi kuwa hii ni nazali moja tu, yenye kuingia na kutoka. Siku hizi siwajibu hivyo. Kumtuza mtu ni kumpa tuzo mbele ya watu. Kumtunza, pamoja na maana yake ya kumpa zawadi, ni kumwangalia asiharibikiwe. Mwaka 1976, katika sherehe ya Siku ya Sanaa, Rais Anwar Sadat alimtuza Zinat Sedki. Inasemekana alipoletewa mwaliko hakuwa na gauni la kwendea. Alipangiwa na malipo ya kila mwezi, nayo yalikuja baada ya samani kwisha. Alifariki Machi 1978.

Wala tusiwanyoshee Wamisri kidole. Mzee Ojwang', ambaye jina lake halisi lilikuwa Benson Wanjau, aliwachekesha Wakenya kwa miongo kadhaa, na alipokuwa akipoteza uwezo wa kuona, ilibidi michango ichangwe. Alipofariki Julai 2015, risala zilimiminika.

Kuna kisa kingine ambacho Wamisri hupenda kukisimulia juu ya Zinat. Wanasema kwamba enzi za neema alijenga kaburi, akaandika juu yake kuwa ni la wapita njia, ili maskini asiye na mahali pa kuzikwa apate pa kulala. Mama mwenye nyumba wangu alinisimulia kisa hiki mara tatu, kila mara akiongeza jambo, hata nisijue ukweli unakoma wapi. Lakini alikisimulia kama mtu anayeeleza habari za dada yake.

Juma lililopita nilimpigia simu mwalimu wa shule ile, nikitaka kulijua jina la msichana aliyeigiza yaya ili nimwandikie walau barua. Mwalimu alinishukuru kwa kuikumbuka shule yake, akafikiri kidogo, akaniuliza nilikuwa nikimzungumzia yaya yupi. Nikamweleza habari ya chai na sukari. Hapo akakumbuka, akanieleza kwa upole kuwa walipojiandaa kwa ngazi iliyofuata, mchezo ulikuwa umezidi muda, na ili mhusika mkuu apate nafasi ya kuumaliza wimbo wake, onyesho la chai walilipunguza, kisha wakaliondoa.